Fidia ya Waliofiwa Barabarani

Maneno haya tuliyasema mbele ya wajumbe wa makanisa na wanaharakati wa haki. Wengi waliomba yachapishwe ili wayasome pamoja na jamaa zao nyumbani, nasi tumeyaacha karibu kama yalivyotamkwa.



Tumeitwa tuseme juu ya watu waliokufa barabarani, lakini neno letu hasa lawahusu walio hai. Katika kila mwaka tangu 2021 hadi 2024, zaidi ya watu 4,000 walikufa katika barabara za Kenya, kwa hesabu za Serikali yenyewe. Karibu theluthi moja yao hawakuwa ndani ya gari lolote. Walikuwa wakienda kwa miguu yao, kando ya lami au wakivuka. Hakuna parokia iliyowakilishwa hapa ambayo haijapata kuimba wimbo wa mazishi kwa ajili ya mmoja wao.

Nasi twajua kuzika. Habari ikifika jioni, asubuhi yake mwenyekiti wa kamati amekwisha kuchaguliwa, daftari la harambee limefunguliwa, sufuria zimeazimwa na lori la mchanga limegeuzwa kuwa gari la waombolezaji. Kwa jambo hilo hatuna wa kutushinda. Lakini jiulizeni: katika kamati zote za mazishi ambazo mmeketi, ni mara ngapi mtu mmoja alitumwa kwenye kituo cha polisi akaandike nambari ya gari, jina la mwenye gari, na jina la shirika la bima? Tunakusanya fedha za jeneza siku nne, kisha tunamwacha mjane na karatasi asizoweza kuzisoma. Miaka mitatu ikipita, mlango umefungwa.

Miaka mitatu hiyo si neno la kubahatisha. Sheria inayoitwa Sheria ya Vifo vya Ajali, Sura ya 32, yasema kwamba kesi ya kudai fidia sharti ifunguliwe kabla ya kutimia miaka mitatu tangu siku ya kifo. Na ikiwa gari lililoua ni la Serikali, muda ni mfupi zaidi. Sheria nyingine, Sura ya 39, hutoa miezi 12 tu kwa anayeishtaki Serikali kwa madhara kama hayo. Yaani yule aliye na nguvu nyingi kuliko wote ndiye aliyejikatia muda mfupi kuliko wote. Tunalitaja jambo hili mapema, kwa kuwa wengi hungoja hadi sadaka ya ukumbusho wa mwaka wa kwanza ndipo waanze kuuliza habari za wakili, na ikiwa lililomwua mtu wao lilikuwa gari la Serikali, siku hiyo ndiyo siku ya mwisho.

Ni nani mwenye haki ya kudai? Sura ya 32 yawataja mke, mume, wazazi na watoto. Ndugu wa marehemu hawamo. Shemeji hawamo. Baba mdogo hayumo. Twajua kwamba maneno haya yatawauma baadhi ya wazee, lakini ndivyo sheria ilivyo, na twaona kwamba katika jambo hili sheria imefanya vyema. Tumewaona ndugu wa marehemu waliokwenda kwa chifu kabla ya matanga kwisha, wakachukua barua, wakajiandikisha kuwa wasimamizi wa mali ya marehemu, na mjane akapata habari ya fedha baada ya kuwa zimekwisha kuliwa. Sheria ya Urithi, Sura ya 160, inapopanga ni nani apewe usimamizi, humtanguliza mume au mke aliyebaki. Basi chifu aliye hapa, au padre au mchungaji anayeombwa kuandika barua ya utambulisho, na aulize kwanza: mjane yuko wapi, naye asemaje? Wala mtu asimwambie mama kwamba hana haki kwa sababu hakufunga ndoa kanisani. Sheria hiyo ya urithi humtambua mke aliyeolewa kwa desturi. Mashauri ya kanisa juu ya ndoa yake yana mahali pake, lakini si juu ya chakula cha watoto.

Kuna dai la pili linalokwenda sambamba na la kwanza, chini ya Sura ya 26. Hilo ni dai la marehemu mwenyewe, kana kwamba angali anasema: maumivu aliyoyapata kabla ya kukata roho, umri aliokatiwa, na gharama za mazishi. Kwa umri uliokatizwa mahakama zetu zimezoea kutoa kiasi cha shilingi 100,000 au karibu na hapo. Kwa mazishi, tunzeni stakabadhi zote: za jeneza, za chumba cha maiti, za gari. Majaji wamekuwa wakitoa kiasi cha haki hata pasipo stakabadhi, kwa kuwa wajua kwamba mfiwa hana akili ya kutunza karatasi, lakini mwenye stakabadhi hahitaji huruma ya jaji.

Sasa tuje kwenye hesabu, kwani hapa ndipo watu hudanganywa. Mahakama huchukua mapato ya marehemu kwa mwezi, huyazidisha kwa miezi 12, kisha huyazidisha kwa idadi ya miaka ambayo yaelekea angeendelea kufanya kazi, kisha hutoa sehemu ambayo angeitumia mwenyewe. Mwenye mke na watoto huhesabiwa mara nyingi kwamba aliwapa jamaa yake theluthi mbili. Kwa mfano, mtu aliyepata shilingi 15,000 kwa mwezi, na mahakama ikamkadiria miaka 20 ya kazi, dai la jamaa yake lafika shilingi 2,400,000. Wakala anayekuja nyumbani na shilingi 150,000 ndani ya bahasha, akisema ni huruma ya mwenye gari, hakuja kwa huruma. Amekuja na karatasi, nayo karatasi hiyo ikitiwa kidole gumba, dai limekwisha.

Huenda mtu akasema: marehemu wetu hakuwa na hati ya mshahara, alikuwa fundi, alikuwa akiuza mboga, alikuwa akilima. Mwaka 2005 Mahakama ya Rufani ililijibu swali hili. Majaji walikataa wazo la kwamba vyeti na karatasi ndizo njia pekee za kuthibitisha kazi ya mtu na mapato yake, wakasema kwamba kushikilia hivyo kungewadhulumu Wakenya wengi sana wasiojua kusoma, wasioandika hesabu, na ambao hata hivyo hujipatia riziki. Hukumu hiyo yastahili kujulikana kanisani kama inavyojulikana mahakamani. Ushahidi ni watu: yule aliyemwuzia mbao, yule aliyenunua maziwa kwake, mweka hazina wa chama chao cha kuweka akiba. Na pale ambapo hakuna ushahidi wa kutosha, mahakama nyingi zimechukua kima cha chini cha mshahara kilichowekwa na Serikali kama kipimo. Vilevile mtoto akifa, wazazi hawaondoki mikono mitupu. Mahakama ya Rufani ilipata kueleza, katika rufani iliyotoka Mombasa, kwamba katika jamii zetu mtoto ni tegemeo la wazazi wake, hata akiwa angali mdogo.

Tumesema juu ya kiasi. Ni nani atakayelipa? Sura ya 405 humlazimisha kila mwenye gari kuwa na bima ya kuwalipa watu wengine watakaodhurika. Ndiyo kisa cha kile kibandiko mnachokiona kwenye kioo cha mbele cha matatu. Lakini bima hiyo ina mipaka mitatu ambayo watu wetu huijua wakiwa wamechelewa.

Kwanza, shirika la bima halilazimiki kulipa zaidi ya shilingi milioni tatu kwa mtu mmoja. Kinachozidi hapo, mjane amdai mwenye gari, ikiwa mwenye gari ana kitu. Kwa mtu wa mshahara wa shilingi 30,000, kwa hesabu ileile tuliyoifanya, dai ni shilingi 4,800,000. Basi shilingi 1,800,000 zabaki angani.

Pili, shirika la bima lisipopewa taarifa kwamba kesi inafunguliwa, kabla ya kufunguliwa au ndani ya siku 30 baada yake, halifungwi na hukumu hiyo. Wakili akisahau barua moja, jamaa hushinda kesi na wasipate senti. Mwulizeni wakili wenu: taarifa imepelekwa lini, na nakala yake iko wapi?

Tatu, na hili lituguse sisi wa kwaya na wa jumuiya. Sheria haimlazimishi mwenye gari la binafsi kuwakatia bima watu aliowabeba bure. Yule muumini mwema anayetupakia kwenye gari lake la mizigo kwenda kwenye ibada ya kuwekwa wakfu kwa kanisa jipya, sisi 25 tumesimama nyuma tukiimba, anatutendea wema, naye hatudai nauli, na kwa sababu hiyohiyo huenda bima yake isitulipe hata kidogo. Mnakumbuka Desemba 2021, basi lililokuwa likiwapeleka wanakwaya harusini liliposombwa na maji ya mto Enziu kule Mwingi, watu zaidi ya 30 wakafa. Hatusemi lolote juu ya bima ya basi lile. Twalitaja kwa sababu kila mmoja wetu hapa amepata kupanda gari la namna hiyo, akiwa na wimbo mdomoni, bila kuuliza. Tangu leo mhasibu wa kila parokia na aombe kuona cheti cha bima kabla ya safari, akisome, na kama abiria hawamo, safari isubiri.

Kisha kuna jambo ambalo kwetu ni kubwa kuliko mipaka yote mitatu, nalo ni mashirika ya bima yanayoanguka. Shirika la Serikali lenyewe, Kenya National Assurance, lilianguka mwaka 1996. United Insurance, lililokuwa limeyakatia bima magari mengi ya abiria, liliwekwa chini ya usimamizi wa kisheria mwaka 2005. Standard Assurance lilifuata mwaka 2009, na Blue Shield mwaka 2011. Shirika likiwekwa chini ya usimamizi namna hiyo, kwa kawaida hutolewa amri ya kusitisha malipo. Hukumu ya mjane iko mkononi mwake, ina mhuri wa mahakama, na haiwezi kununua kilo moja ya unga. Huku nyuma mwenye gari naye amelipa bima yake kwa uaminifu miaka yote, na sasa dalali amesimama langoni pake. Wamedhulumiwa wote wawili, na mara nyingi hupelekwa mahakamani kupigana wao kwa wao.

Iko Hazina ya Kuwafidia Wenye Bima, iliyowekwa ili mtu asiangamie shirika linapoanguka. Lakini kiwango chake cha juu kimekuwa shilingi 250,000 kwa mdai mmoja. Rudini kwenye mfano wetu wa shilingi 2,400,000: ni zaidi kidogo tu ya sehemu moja ya kumi. Twaona kwamba kosa halikuanzia kwenye Hazina. Kosa ni la muda mrefu ambao shirika lililokwisha kuoza huachwa likiendelea kuuza vibandiko barabarani, likichukua fedha za wenye matatu, ilhali madai ya wafiwa yamerundikana ofisini mwake. Msimamizi wa bima nchini hupokea hesabu za mashirika haya. Basi kwa nini wananchi wazijue habari siku ya kufungwa tu? Tulidai uwazi katika masanduku ya kura; hatuoni sababu ya kutoudai katika masanduku ya bima. Hesabu ya madai yasiyolipwa ya kila shirika na ibandikwe mahali ambapo mwenye gari na abiria waweza kuisoma.

Katika sheria ya Musa, sura ya 21 ya Kutoka, kuna habari ya ng'ombe mwenye tabia ya kupiga pembe. Ikiwa mwenyewe alikwisha kuonywa na hakumfunga, kifo cha mtu kilikuwa juu yake pia, si juu ya mnyama peke yake. Tumeitafakari sana habari hiyo. Gari lisilo na breki lililotoka karakana jana, dereva ambaye hajalala siku mbili kwa sababu tajiri anataka hesabu yake ya jioni, askari aliyelipungia mkono lipite baada ya kusalimiwa kwa noti: ni nani kati yao hakuonywa? Kanuni zilizoanza kutumika Februari 2004, wakati John Michuki akiwa Waziri wa Uchukuzi, ziliyataka magari ya abiria yawe na mikanda na vidhibiti mwendo vya kilomita 80 kwa saa. Kila mtu aliona kwamba jambo hilo lawezekana likitakiwa. Na kila mtu ameona pia namna mikanda ilivyochakaa, na vidhibiti mwendo vikawa vyuma vya kuonyeshwa siku ya ukaguzi.

Watu hutuuliza: dereva akifungwa au akitozwa faini, je, jamaa hupata kitu? La. Faini huingia katika mfuko wa Serikali. Lakini kesi hiyo ya jinai yawafaa, kwa maana dereva akipatikana na hatia, na rufani isipobatilisha, hukumu hiyo yaweza kutumiwa katika kesi ya fidia kuwa ushahidi wa hatia yake. Kwa hiyo msiiache iende peke yake. Kesi nyingi za trafiki hufa kwa sababu shahidi hakuitwa, au aliitwa mara tano akakuta imeahirishwa, na nauli ikamwishia. Mtu mmoja wa kamati ya haki akiketi kortini kila tarehe, kimya, na kalamu mkononi, mambo huenda tofauti. Tumejaribu, nasi tumeyaona.

Na wale waliogongwa na gari lililokimbia bila kujulikana? Hapo hakuna mwenye gari wa kushtakiwa, wala shirika la kuandikiwa taarifa, na milango yote tuliyoitaja haifai kitu. Nchi nyingine hazikuwaacha hivi. Uingereza tangu mwaka 1946 mashirika ya bima yana chombo chao cha pamoja, ambacho kwa sasa huwalipa wanaodhurika na magari yasiyo na bima au yasiyojulikana. Afrika Kusini ina mfuko unaopata fedha zake kutoka kwa ushuru wa mafuta ya magari. Hatusemi mfuko huo ni wa kuigwa kila kitu, kwani umeelemewa na madeni makubwa. Lakini huku kwetu ushuru wa kutengeneza barabara ulipandishwa mwaka 2024 kutoka shilingi 18 hadi 25 kwa lita moja. Kama Serikali ilipata njia ya shilingi saba kwa ajili ya lami, haiwezi kukosa njia ya senti chache kwa ajili ya mtoto wa aliyeachwa amelala juu ya lami hiyo. Wabunge wenu huja kanisani. Wanapopewa kipaza sauti, waulizwe hilo, wajibu mbele ya waumini. Ibara ya 48 ya Katiba ya mwaka 2010 yataka Serikali ihakikishe kwamba kila mtu anaifikia haki, na kwamba ada, ikiwa ipo, isiwe ya kumzuia. Kwa wafiwa wa namna hii, haki haina hata mlango wa kubisha.

Neno juu ya mawakili, na tutalisema kwa ufupi kwa kuwa miongoni mwao wamo waliotusaidia sana bila malipo. Jihadharini na vijana wanaozunguka vyumba vya maiti wakiwa na fomu. Msitie sahihi karatasi isiyoandikwa. Mapatano ya kwamba wakili atachukua sehemu fulani ya fidia, au kwamba atalipwa akishinda tu, si halali chini ya Sheria ya Mawakili, basi asiwatishe kwayo. Kwetu alifika mama mmoja ambaye kesi yake ilikuwa imekwisha miaka minne nyuma. Fedha zililipwa, naye akawa angali akiambiwa kila mwezi kwamba jaji hajaandika hukumu. Alikuwa akitembea kilomita 11 kwenda kuambiwa hivyo. Iko Tume ya kupokea malalamiko juu ya mawakili, na barua ya mkono yatosha kuanzia.

Basi kila kamati ya haki na iweke daftari. Mtu wetu akifa barabarani, kabla ya siku ya tatu yaandikwe haya: nambari ya gari, jina la dereva, nambari ya taarifa katika kitabu cha polisi, jina la shirika la bima na nambari ya cheti kama inavyosomeka kwenye kibandiko, majina ya mashahidi wawili na mahali waishipo. Abstrakti ya polisi ifuatwe hata kama utaambiwa uje kesho mara sita. Cheti cha kifo kiombwe pamoja na kibali cha mazishi, kisingoje. Jina la mwenye gari litafutwe katika rejista ya magari, maana yule aliyeandikwa humo ndiye mahakama itakayemchukua kuwa mwenyewe mpaka ithibitishwe vingine. Na kama marehemu alikuwa dereva au utingo aliyekuwa kazini, liko pia dai chini ya Sheria ya Mafao ya Majeraha Kazini ya mwaka 2007, nalo hufuata njia yake mbali na hii.

Tumeleta daftari 40, moja kwa kila kanisa lililotuma mjumbe. Ziko mezani karibu na mlango wa sakristia. Wale waliofiwa kabla ya leo na walio na karatasi zozote, hata kama zimeraruka, wabaki baada ya sala ya kufunga. Tutaanza na wale ambao mwaka wao wa tatu unakaribia kwisha.